Mwovu wa Kuajiriwa

Mwaka 2015, mwanamke aliyeogopwa kuliko wote mtaani Beechmont, kusini mwa jiji la Louisville, Marekani, hakuweza kuua hata panya. Panya akiingia jikoni kwake, alipanda juu ya kiti na kumpigia simu mwanawe arudi kutoka kazini. Jina lake lilikuwa Nabintu, ingawa kwa desturi ya watu wa Bukavu, kule Kongo, wote walimwita Mama Gaël, kwa jina la huyo mwanawe wa pekee. Halafu ikatoka filamu, na Mama Gaël akageuka Mama Ukucha. Wenye adabu walilitamka jina hilo nyuma ya mgongo wake. Wengine hawakungoja ageuke.

Filamu yenyewe ilikuwa kazi ya Rudasingwa, bwana mmoja aliyepanga maboksi ghalani siku za kazi, na ikifika Jumamosi akawa mwongozaji wa sinema. Alikuwa na kamera moja na taa za kuazima, na mwigizaji wake alikuwa yeyote aliyechelewa kuondoka baada ya mazoezi ya kwaya. Nabintu hakuchelewa kwa bahati mbaya. Alijichelewesha makusudi, kwa kuwa kuigiza kulikuwa damuni mwake. Katika kambi ya Nyarugusu, kule Tanzania, alikokaa miaka mingi baada ya kukimbia vita, alikuwa kwenye kikundi cha maigizo ya kuhimiza usafi, na kila mara alipewa nafasi ya mwanamke asiyenawa mikono. Kambi nzima ilimzomea. Naye alirudi kibandani kwake akiwa na furaha ya bibi harusi.

Rudasingwa akampa nafasi ya mama mkwe anayewatilia sumu wake wa mwanawe, mmoja baada ya mwingine. Sasa, huko Bukavu, anayekukaribisha kinywaji hukionja yeye kwanza mbele ya macho yako, ndipo akupe. Ni njia ya kusema: tazama, humu hamna kitu, kunywa kwa amani. Na huko huko Bukavu watu hunong'onezana habari za wale wanaoonja kwa tabasamu, kisha wakati wa kukupa glasi wanachovya kidole gumba, sumu ikiwa imefichwa chini ya ukucha. Ndivyo alivyofanya Nabintu mbele ya kamera. Alionja, akatabasamu, akasema, "Kunywa, binti yangu," na kidole kikazama polepole. Kilichokuwa chini ya ukucha ni unga wa muhogo, lakini nani aliuliza? Mama mmoja wa kwaya, aliyekuwapo siku ile na aliyeuona mfuko wa unga kwa macho yake mawili, alitoka nje kutapika.

Kosa kubwa lilikuwa kwenye majina. Rudasingwa hakupenda kusumbuka kubuni majina ya wahusika, kwa hiyo kila mtu aliitwa lake la kila siku. Mama Gaël kwenye filamu aliitwa Mama Gaël. Jikoni pa filamu ni jikoni kwake, na ukutani, nyuma ya glasi ya sumu, ilionekana picha ya Gaël mwenyewe akiwa amevaa joho la kuhitimu shule. DVD zikauzwa mlangoni mwa kanisa, zikasafiri mpaka Columbus, zikafika Buffalo kabla theluji haijaanguka. Kila palipokuwa na Wakongo, Mama Gaël aliingia sebuleni mwao na kuua.

Tangu hapo, sufuria yake ya sombe, yaani kisamvu, ilienda kwenye sherehe za kanisa ikiwa imejaa na kurudi nyumbani ikiwa imejaa. Iliuma. Tuseme na ukweli wote: mahali fulani ndani yake, mahali ambapo hakumwonyesha mchungaji, ilimfurahisha pia.

Mtu wa kwanza kumpongeza alikuwa bibi wa Kizungu mwenye miaka themanini na tisa. Nabintu alikuwa na kazi ya kutunza wazee majumbani mwao, na mmoja wao alikuwa Mis Wanda, mjane aliyeishi peke yake kwenye nyumba ya matofali, mwendo mfupi wa basi kutoka Beechmont. Ukutani kwake palijaa picha za zamani za mwanamke mwembamba mwenye sigara na macho ya kudai kitu. Nabintu alikuwa amesikia kwamba bibi aliwahi kuigiza, ila aliona haya kuuliza, kwani Kiingereza chake cha kuokoteza kwenye basi kilikuwa bado kinachechemea. Siku moja Mis Wanda alimkuta amenuna juu ya bakuli la supu, akamng'ang'ania mpaka akasema yote. Kesho yake Nabintu akaja na DVD.

Mis Wanda hakujua neno hata moja la Kiswahili. Alitazama kimya, mikono juu ya fimbo. Kidole kilipozama, fimbo ikaanguka chini na bibi akapiga makofi.

"Rudisha nyuma!" alisema. "Nataka kukiona kile kidole tena. Mungu wangu, nani alikufundisha kwenda polepole namna hiyo?"

"Hakuna mtu, Mis Wanda."

"Mimi ilinichukua miaka kumi kujua kwamba mwovu hana haraka."

Hapo ndipo hadithi yake ilipoanza kutoka, na haikutoka siku moja. Ilitoka wiki baada ya wiki, wakati wa kuchanwa nywele na wakati wa kunywa dawa, na Nabintu alianza kupanda basi la mapema kuliko lililohitajika ili asikose kipande.

Mis Wanda alizaliwa Buffalo, mtaa wa Wapolandi, baba yake akifanya kazi kiwanda cha chuma kando ya ziwa. Jina alilobatizwa ni Wanda Pieczonka. Akiwa msichana alisoma matangazo ya soseji redioni kwa Kipolandi, kwa sauti tamu mpaka, kwa maelezo yake mwenyewe, mbwa wa mtaa walikaa chini ya redio. Vita vilipokwisha akaenda Hollywood. Studio moja ikamsainisha mkataba, ikakata jina lake likawa Wanda Pierce, ikamnyoosha meno, ikamtazama kwa makini, kisha ikaamua kwamba nyusi zile haziwezi kuwa za mtu mwema.

"Nyusi!" alisema Mis Wanda, akazipandisha. Nabintu akarudi nyuma hatua moja. Studio haikukosea.

Kuanzia siku hiyo Wanda Pierce hakuolewa mwisho wa filamu hata moja. Aliiba waume. Alighushi wosia. Kwenye filamu za wachunga ng'ombe aliendesha baa na kuwauza mashujaa kwa majambazi. Wasichana wema, waliojua kulia bila pua kuwa nyekundu, walipata kuwa nyota; jina lake yeye lilikuja la nne au la tano, kwa herufi za wastani. Mkataba ukaisha, studio haikumwita tena, na watu wakasema basi, yule amekwisha. Wakati huohuo televisheni ilikuwa inaingia kwenye nyumba za watu, na kule New York walirusha michezo ya kuigiza moja kwa moja hewani. Hakuna kurudia. Ukikosea, nchi nzima imekuona. Nyota wa filamu waliogopa kama wanavyoogopa moto. Wanda akaenda mbio.

"Siku moja nilitakiwa kumpiga mtu risasi," alisimulia. "Nikavuta kifyatulio cha bastola. Kimya. Nikavuta tena. Kimya. Na yeye maskini amesimama pale, anangoja kufa, jasho linamtoka."

Nabintu alisimama na chanuo hewani. "Ukafanya nini?"

"Nikamsogelea. Taratibu. Nikamnong'oneza sikioni, akaanguka, akafa. Barua zilikuja kwa magunia! Watu walitaka kujua ni neno gani linaloweza kumuua mtu hivyo."

"Neno gani, Mis Wanda?"

"Nilimwambia, 'Anguka, mjinga wewe, tumebakiwa na dakika mbili.'"

Walicheka mpaka chanuo likapotea ndani ya kochi. Halafu ikaja tamthilia ya mchana, ile ya kina mama wanaopiga pasi, na humo Wanda akaigiza kwa miaka mama mkwe mwenye kutia sumu kwenye chai. Nabintu aliposikia hivyo alikaa chini bila kuangalia kama pana kiti. Mama mkwe! Sumu! Alimtazama yule bibi kana kwamba amegundua dada yake wa tumbo moja ambaye bahati mbaya alizaliwa mweupe.

"Nilienda Buffalo kumsalimia mama yangu," Mis Wanda aliendelea. "Sokoni, mwanamke ambaye sijawahi kumwona alinipiga kichwani kwa kabichi. Akaniita muuaji. Nililia ndani ya teksi. Kisha nikamwambia dereva arudi, nikainunua ile kabichi, mama akaipika. Studio haikuwahi kunipa tuzo. Tuzo yangu ni ile."

Tamthilia ikaja kufutwa. Siku ya Ijumaa mama mkwe akasukumwa kwenye ngazi, na Jumatatu Wanda hakuwa na kazi. Akatangaza sabuni. Akaigiza kwenye kumbi ambamo watu wanatazama huku wanakula nyama, kwanza Columbus, mwishowe Louisville, na hapo akaolewa na mtu aliyewapigia farasi wa mashindano viatu vya chuma, mtu ambaye hajawahi kutazama televisheni mchana. "Ndiyo maana hakuniogopa," alisema.

Alikuwa na karipio moja tu kwa Nabintu. "Ulitumia jina lako mwenyewe? Mwanangu! Kwetu hata mbwa hakuruhusiwa kutumia jina lake. Uovu ni nguo ya kazi. Unaivua mlangoni."

Ushauri huo ulifika maji yakiwa shingoni. Gaël alikuwa amempenda Josiane, binti wa Kikongo wa Reynoldsburg, upande wa mashariki wa Columbus. Walikutana kwenye kongamano la kwaya. Josiane alikuwa na kicheko kinachosikika kutoka nje, na alikuwa akimsaidia Nabintu kuosha vyombo bila kuombwa. Nabintu alimpenda binti huyo waziwazi, kama mtu aliyekuwa anamngoja miaka yote. Basi wakaenda Reynoldsburg kujitambulisha rasmi kwa baba yake, Mzee Bisimwa. Desturi yao ni kwamba mama wa kijana hupeleka kinywaji alichokitengeneza kwa mkono wake na kukigawa mwenyewe. Wazee wa binti wakinywa, njia imefunguka. Wasipokunywa, hakuna haja ya kuuliza kwa nini.

Nabintu alikuwa ametengeneza tangawizi, kwa kuwa wote ni watu wa kanisa na hawagusi pombe. Akamimina. Na kwa malezi aliyolelewa nayo, bila kufikiri, akaonja kwanza.

 Macho yote yalishuka kwenye kidole gumba chake. Kwa hofu akauficha mkono nyuma ya mgongo, na hapo mama mdogo wa Josiane akatoa sauti kama ya birika.

"Mama Gaël," alisema Bisimwa, akiisogeza ile glasi pembeni kwa adabu kubwa, "bon, kijana yako iko muzuri, hatuna shida na yeye. Lakini mi niko na yaya yangu, dada mukubwa, Marita, ule wa Buffalo. Yeye njo alilea huyu mutoto ku kambi. Kama Marita anakunywa, sisi wote tumekunywa. Kama anakatala, donc..."

Hakumalizia. Kila mtu alijua kilichobaki. Ndani ya gari Gaël alisema kwa Kiingereza, kwa hasira, kwamba watakwenda kufunga ndoa ofisini kwa serikali na yaishe. Lakini Josiane alikuwa amekwisha kumwambia: ndoa ya kujificha haitaki, na bila shangazi yake Marita haolewi. Nabintu alitazama mahindi ya Ohio yakipita dirishani. Alikuwa na kipaji kimoja tu duniani, na kipaji hicho kilikuwa kinamnyang'anya mwanawe mke. Aliona uchungu, tena aliona haya, kwa sababu hata sasa hakujuta kuigiza.

"Buffalo?" alisema Mis Wanda aliposikia. "Lini tunaondoka?"

"Mis Wanda, ni safari ya siku nzima."

"Nilizaliwa kule. Na sijaona mama mkwe akishtakiwa kwa sumu tangu mwaka wa sitini na mbili. Niletee koti."

Nani wa kumzuia? Waliondoka Louisville asubuhi, Gaël akiendesha, Mis Wanda kiti cha mbele amevaa miwani myeusi kama anayekwepa wapiga picha. Reynoldsburg wakawachukua Josiane na baba yake, na kuanzia hapo gari likawa kijiwe. Mis Wanda aliwaonyesha mahali ulipokuwa ukumbi wake wa Columbus, ambao sasa ni uwanja wa kuegesha magari, akawasimulia jinsi alivyowahi kufa pale juu ya sahani ya mteja. Bisimwa, aliyepanda gari na uso wa hakimu, alifika Cleveland akiwa anafuta machozi ya kicheko. Nyuma, Nabintu alikuwa anajifunza hotuba kwa midomo: mimi ni mtu wa Mungu, mimi sijawahi kumdhuru mtu, mama yangu alinilea vizuri.

"Unasema nini huko?" Mis Wanda aliuliza.

Nabintu akamweleza. Bibi akavua miwani.

"Usithubutu. Waovu wote niliowaigiza walijitetea vizuri sana. Ndivyo watazamaji walivyowajua."

Marita aliishi Kenmore, kaskazini ya Buffalo, kwenye nyumba ndogo yenye ngazi zilizofagiliwa. Alikuwa mfupi, mpana, mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya mto, na jirani zake walimjua kwa mambo mawili: hakuna aliyemwigiza mchungaji vizuri kama yeye, na hakuna jambo lililofanywa mbele yake ambalo yeye asingelifanya vizuri zaidi. Aliwapokea kwa heshima. Alimkalisha Mis Wanda kiti bora. Na pale kando ya televisheni, ikiwa imesimamishwa ili ionekane, ilikuwapo ile DVD.

Nabintu akamimina tangawizi. Mkono wake ukasita hewani. Akionja, ni filamu ile ile. Asipoonja, amemtukana mwenye nyumba. Mkono ukafanya ulichozoea kufanya tangu utotoni, ukaipeleka glasi mdomoni.

"Eeh!" Marita alipiga paja. "Vile vile! Vile vile kama mu filme!"

Glasi ikakaa mezani. Barafu ikaanza kuyeyuka. 

"Mama Gaël," Marita alisema mwishowe, na hakuwa na ubaya kwenye sauti, jambo lililofanya iume zaidi, "mi sina chuki na wewe. Lakini ule mwanamuke niliona, ni wewe. Jina ni yako. Kuzine ya kupikia ni yako. Kidole ni yako. Sasa nitakunywa namna gani?"

Hotuba ilikuwa tayari mdomoni: mimi ni mtu wa Mungu. Nabintu akageuka kumtazama Mis Wanda. Bibi hakujua kilichosemwa, lakini alipandisha nyusi zote mbili. Nabintu akaimeza hotuba.

"Mama Marita, unasema kweli," alisema. "Ni mimi. Acha nikuonyeshe vile minamufanyaka huyo mwanamuke."

Akasimama. Akalegeza mabega, akainamisha kichwa kidogo upande, na yule mama mpole wa Beechmont akaondoka sebuleni. Hakuna namna nyingine ya kulieleza. Aliyebaki alikuwa mwanamke mwingine, mwenye macho yanayopima shingo za watu. Aliitwaa glasi. "Kunywa, binti yangu," alisema kwa ile sauti, na Bisimwa, mzee mzima, akainua miguu kutoka sakafuni. Kidole kikaanza kushuka, polepole, polepole, kikazama.

"Yesu!" alipiga kelele Marita.

"Hapo hapo!" Nabintu alisema kwa sauti yake mwenyewe, bila kusogea. "Usiogope. Simama, Mama Marita. Zunguka, kuja huku upande yangu. Sasa angalia."

Marita alizunguka kama mtu anayemzunguka nyoka. Akatazama. Akainama, akatazama tena. Kidole hakikuwa ndani ya glasi. Kilikuwa nyuma yake, kikavu, kimeshuka ubavuni mwa kioo, na ni mtu aliyekaa mbele tu angeapa kwamba kimeingia.

"Kamera ilikaa fasi ile, pale pale ulikuwa umekaa," Nabintu alisema. "Hata maji haijaguswa."

"Weeeh!" Marita alirudi kwenye kiti, akaona kidole kinazama, akakimbia nyuma, akaona hakizami. Akaenda na kurudi kama mtoto. "Bisimwa, kuja uone! Huku anaua, huku haue!"

Nyumba ikavurugika kwa raha. Kila mtu alitaka kukaa mbele, kila mtu alitaka kusimama nyuma. Mis Wanda alidai atazamwe naye, na kwa umri wake wote, bila glasi, bila kidole, alimwangalia Gaël juu ya fimbo yake mpaka kijana akaomba radhi na hakujua ni ya nini. Nabintu moyo wake ulikuwa unadunda kwa furaha. Alikuwa amesahau kilichowaleta. Kisha Mis Wanda akasema mchezo haukamiliki bila marehemu, na Josiane akasukumwa katikati awe bibi harusi.

Josiane aliharibu kila kitu. Aliishika glasi kwa mkono mmoja, akajifanya kunywa, akacheka, akaangukia kochini huku anashikilia nywele zake zisivurugike.

Marita aliangalia kwa maumivu makubwa. Alivumilia mara ya kwanza. Ya pili hakuweza.

"Hapana! Bibi harusi gani anakunywa amesimama kama anangoja basi? Nilikulea hivyo? Toka apo. Toka, toka! Mama Gaël, anza tena."

Akapiga magoti kwenye zulia, kama inavyompasa mke mgeni mbele ya mama mkwe. Akainamisha macho. Nabintu akaonja, akatabasamu, akasema, "Kunywa, binti yangu," na Marita akaipokea glasi kwa mikono miwili, akashukuru kwa sauti nyembamba ya msichana wa miaka kumi na minane, na kwa kuwa binti aliyelelewa vizuri hamwachii mama mkwe masalio, akanywa. Akanywa mpaka chini. Akashika koo. Akamtazama Nabintu kwa mshangao wa mtu aliyesalitiwa, akayumba, akaomba msaada ukutani, hakuupata, akaanguka chali zulia likatoa vumbi.

Makofi yakalia. Kisha yakapungua, kwa sababu Marita hakuamka.

Alilala tu. Mdomo wazi. Kifua hakionekani kupanda. Gaël akatoa simu mfukoni. Nabintu aliwaza: na kama ana kisukari? Na kama moyo umesimama kweli? Nani angemwamini, kutoka Louisville mpaka hapa, kwamba mwanamke yule yule, kwa tabasamu lile lile, mbele ya mashahidi, hakufanya kitu? Akajitupa magotini. "Mama Marita! Mama Marita, amuka, nakuomba!"

Jicho moja likafunguka.

"Nimekufa muzuri?" Marita aliuliza.

Mis Wanda alipiga fimbo sakafuni. "Bila haraka!" alipaza sauti kwa Kiingereza. "Mmeona? Bila haraka hata kidogo!" Josiane alikuwa amekaa chini, amejishika mbavu. Nabintu alicheka na kulia kwa pamoja, na hakujali.

Ni Bisimwa peke yake ambaye hakucheka. Alikuwa amesimama, ameelekeza kidole kwenye zulia, mahali glasi ilipobingirika.

"Yaya," alisema. "Umekunywa."

Kicheko kikakatika. Marita aliketi. Aliiokota glasi, akaipindua juu ya kiganja chake, na halikudondoka hata tone.  Alimtazama Gaël, aliyekuwa amebana pumzi na simu bado mkononi. Alimtazama Josiane. Kisha akainyoosha glasi kwa Nabintu.

Nabintu akachukua jagi, akamimina kidogo, na kwa mazoea akaanza kuipeleka glasi mdomoni mwake. Marita akamshika kifundo cha mkono.

"Usionje," alisema. "Mimina tu, mukwe."

Nabintu akamimina mpaka ikafurika.